Wosia batili si lazima uwe wa kughushi

Wosia wa mtu mwenye mali ukibatilishwa tu mahakamani, kesho yake mtaani na kwenye vichwa vya habari ni neno moja: "wameghushi." Anayesemwa hivyo ni mtu mwenye jina na watoto, na kosa analobandikwa, kwa Kanuni ya Adhabu ya Tanzania, linaweza kumpeleka kifungo cha maisha.

Kwa kifupi, shauri la mirathi ni la madai: linaamua kama wosia una nguvu na nani asimamie mali ya marehemu. Kesi ya jinai ni ya Jamhuri dhidi ya mshtakiwa, na inauliza kama mtu huyu ametenda kosa hili. Kwenye madai inatosha upande mmoja uonekane kuwa na ukweli zaidi. Kwenye jinai pasibaki shaka la msingi.

Lakini kabla hata ya kufika huko, wosia hubatilika kwa njia nyingi zisizo na mhalifu. Kwa sheria za mila zilizotangazwa mwaka 1963, mwenye wosia wa maandishi anayejua kusoma na kuandika anahitaji mashahidi wasiopungua wawili, mmoja wa ukoo na mmoja mtu baki. Asiyejua anahitaji wanne. Mzee akiita majirani zake wawili anaowaamini bila mtu wa ukoo, wosia unaanguka, ingawa sahihi ni yake na maneno ni yake. Kwa Waislamu, wasia ukizidi theluthi ya mali, ile ziada haipiti mpaka warithi waridhie. Mwingine alisaini akiwa mahututi, akili haipo. Hapo nani kaghushi?

Je, hakimu wa mirathi akisema wazi kwamba sahihi si ya marehemu? Hapa ndipo tunapoteleza zaidi. Amepima ushahidi wa ndugu waliokuwa mbele yake na kuona kuwa inaelekea sahihi si yake. Hajasema ni mkono wa nani ulioitia. Kesi ya jinai ikifunguliwa, mwendesha mashtaka hawezi kuweka nakala ya uamuzi ule mezani kisha akakaa. Mashahidi wanaitwa upya, mtaalamu wa maandishi anaeleza na kuhojiwa upya, na lazima ithibitike kwamba mshtakiwa ndiye aliyetengeneza hati hiyo, tena kwa nia ya kudanganya. Mtoto aliyeukuta wosia kabatini kwa baba yake na kuupeleka mahakamani kwa moyo safi anaweza kushindwa kabisa kwenye mirathi na asiwe na hatia yoyote.

Uamuzi wa mirathi haupotei bure kwenye jinai. Unafunga suala la hadhi: nani aliteuliwa msimamizi, lini, na lini uteuzi ulitenguliwa. Mtu akishtakiwa kwa kuuza nyumba ya marehemu huku akijiita msimamizi, hilo halibishaniwi tena. Na ugomvi ukiwa wa nani mwenye ardhi, Mahakama Kuu imeelekeza zaidi ya mara moja kwamba shtaka la kuingia kwa jinai, yaani kuingia kwenye ardhi ya mwingine kinyume cha sheria, lisiendelee. Umiliki uamuliwe kwanza kwenye madai.

Njia ya kurudi, yaani kutoka jinai kwenda madai, ndiyo yenye nguvu zaidi. Hukumu ya jinai ya kumtia mtu hatiani, rufaa zikishakwisha au muda wake ukipita, Sheria ya Ushahidi inaichukua kuwa uthibitisho kamili wa kosa hilo, hata katika shauri la madai.

Kwa hiyo, ndugu zangu mnaoandika na mnaosambaza habari hizi, mahakama ya mirathi ikitoa uamuzi, andikeni "wosia umebatilishwa" na mtaje sababu aliyoitoa hakimu. Neno "wameghushi" lisubiri mahakama ya jinai.