Michel Audiard, fundi wa majibizano

Kazi yangu ni kutafsiri filamu za Kifaransa, yale maandishi yanayopita chini ya picha. Hakuna mwandishi aliyenitoa jasho kama Michel Audiard.

Wafaransa wana kazi ambayo huku kwetu haijapata jina: dialogisti. Mwingine anapanga kisa, yeye anaandika jinsi wahusika watakavyojibizana, na jina lake linatajwa peke yake mwanzoni mwa filamu. Desturi hiyo ilishika mizizi miaka ya 1930, filamu zilipoanza kutoa sauti, na akina Henri Jeanson na Jacques Prévert ndio walioipa heshima.

Audiard alizaliwa Paris mwaka 1920. Wazazi hawakumlea, alilelewa na baba yake wa ubatizo. Baiskeli alizipenda mno, akasambaza magazeti kwa baiskeli kabla ya kuyaandikia mwenyewe. Mwaka 1949 André Hunebelle akampa filamu ya kwanza, Mission à Tanger. Hadi anafariki, Julai 1985, alikuwa ameshiriki filamu zaidi ya 100.

Alichowapita wengi ni hiki: aliandika akijua mdomo gani utayatamka maneno. Tazama Les Tontons flingueurs, kichekesho cha majambazi cha mwaka 1963. Lino Ventura, mwanamieleka wa zamani, anapewa maneno machache na ngumi. Bernard Blier, anayepigwa kila mara, ndiye anayepewa vitisho virefu, vya kumsambaratisha mtu vipande vipande pembe nne za Paris. Asiye na nguvu ndiye mwenye mdomo. Nani hamjui mtu wa aina hiyo mtaani kwake?

Halafu ile sehemu ya jikoni. Vijana wanacheza muziki sebuleni, majambazi watu wazima wamejifungia jikoni wanapaka mikate na kunywa pombe kali ya zamani. Macho yanawatoka machozi. Mmoja anahisi pombe hiyo haikutengenezwa kwa tofaa peke yake, labda kuna bitiruti pia? Ventura anajibu: "Si, y en a aussi." Basi! Niliandika "Ndiyo, bitiruti pia ipo ndani yake," kicheko kikafa. Nikafuta, nikaandika "Nayo imo." Kiswahili kina neno moja linaloingia ndani ya chupa na kutoka na jibu, nilifurahi siku nzima.

Wanaomwita bwana wa vichekesho tu siwaungi mkono. Mwaka 1975 mwanawe François alikufa katika ajali ya gari, na maandishi ya Audiard yakaingia giza. Mwaka 1981 alishiriki kuandika Garde à vue ya Claude Miller: usiku mmoja, ofisi ya polisi, Ventura akimhoji Michel Serrault. Filamu hiyo ilimpa César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, mwaka 1982. Mbwembwe amezipunguza kabisa. Swali fupi, jibu fupi, kisha kimya, na kwenye faili langu mistari mitupu ni mingi kuliko filamu yake yoyote niliyowahi kuishika.