Dunstan si "mlima wa mawe"

Ninafundisha historia ya lugha ya Kiingereza, na kwa kuwa nashughulika pia na asili ya majina, wazazi hunijia kabla ya ubatizo au kabla ya kufuatilia cheti cha kuzaliwa. Wengi wao hawaji kuuliza. Huja kuthibitishiwa walichokwisha kukiamua. Wa mwisho alikuwa baba mmoja aliyetaka kumwita mwanawe Dunstan, jina ambalo sasa ni adimu hata kwa Waingereza wenyewe, na ambaye tayari alikuwa ameagiza keki yenye mlima juu yake. "Mwalimu, si ndiyo maana yake mlima wa mawe?" Nimeulizwa swali hilo mara nyingi mno, na subira yangu imefika mahali ambapo ni afadhali niandike.

"Dunstan maana yake ni mlima wa mawe, kwa hiyo mtoto atakuwa imara"

Hapa yapo makosa mawili, moja dogo na moja kubwa, na kwa bahati mbaya wengi wakisharekebishwa lile dogo hudhani kazi imekwisha.

Tuanze na dogo. Sehemu ya pili ya jina haina ubishi: *stān* katika Kiingereza cha kale ni jiwe. Ubishi uko kwenye sehemu ya kwanza. Lugha hiyo ilikuwa na neno *dunn*, lenye kutaja rangi ya hudhurungi iliyofifia kuelekea kijivu, ambalo wafugaji wa Uingereza bado wanalitumia kwa farasi na ng'ombe. Ilikuwa pia na neno *dūn*, lenye irabu ndefu, maana yake kilima. Kilima hicho kingali hai katika jina la vilima vya South Downs, na (jambo ambalo huwashangaza wanafunzi wangu kila mwaka) ndicho kilichozaa neno la Kiingereza la sasa lenye maana ya "chini", kwa sababu atokaye kilimani hushuka. Kamusi nzuri za majina huegemea upande wa rangi. Lakini hata tukikubali kilima, hatupati mlima wa mawe. Katika maneno ambatani ya Kiingereza, neno la mbele ndilo linaloeleza na la nyuma ndilo linaloelezwa, kinyume kabisa cha mpangilio wetu, ambao husema "nyumba ya jiwe" kwa kutanguliza nyumba. Kwa hiyo Dunstan ni jiwe kwa vyovyote vile, ama jiwe la hudhurungi ama jiwe la kilimani, na mlima wenyewe haupo.

Sasa kosa kubwa, ambalo ndilo linalonikera. Ni imani kwamba jina hili ni kauli, yaani kwamba wazazi waliketi, wakataka kusema jambo juu ya mtoto wao, wakalisema kwa maneno mawili yaliyoshikana. Naelewa imani hiyo inatoka wapi, kwani kwetu majina husema. Chausiku alizaliwa usiku, Masika alizaliwa wakati wa mvua, na anayeitwa Tabu, Shida au Sikujua anabeba habari ya nyumba aliyozaliwa. Kambarage, jina alilopewa Mwalimu Nyerere utotoni, ni la pepo wa mvua wa Wazanaki, kwa kuwa alizaliwa siku ya mvua kubwa. Majina tuliyoyapokea kwa Kiarabu nayo yanasomeka: Abdallah ni mtumwa wa Mungu, Abdulrahman ni mtumwa wa Mwingi wa Rehema, na ukiyatenganisha maneno hayo mawili unapata fungu kamili lenye maana. Ya Kiebrania ni vivyo hivyo, na kila aliyehudhuria mafundisho ya dini anajua kwamba Emanueli ni "Mungu pamoja nasi". Mtu aliyelelewa katikati ya mapokeo hayo matatu, akikutana na Dunstan, hulikata vipande viwili na kulisoma kama anavyolisoma Abdallah. Hapo ndipo anapopotea.

Waingereza wa kabla ya uvamizi wa Wanormani kutoka Ufaransa, mwaka 1066, walikuwa na utaratibu mwingine. Walikuwa na akiba ya vipande vya majina, vingine vya kukaa mbele, kama *Æthel-*, *Ead-*, *Wulf-* na *Ælf-*, na vingine vya kukaa nyuma, kama *-ræd*, *-weard*, *-mund*, *-gifu* na *-stan*. Kila kipande kilikuwa na maana yake, hilo sikatai: *wulf* ni mbwa mwitu, *ræd* ni shauri, *mund* ni ulinzi. Lakini mzazi alipochagua kipande kimoja huku na kingine kule, mara nyingi nia yake ilikuwa kuonyesha ukoo, na vipande viwili vilivyokutana havikulazimika kuelewana. Mfalme Alfred alikuwa mtoto wa Æthelwulf, na kaka zake waliotawala kabla yake walikuwa Æthelbald, Æthelberht na Æthelred. Katika vizazi vilivyofuata kipande kilichopendwa kilikuwa *Ead-*, nasi tukapata Edward, Edmund, Eadred, Eadwig na Edgar, wote wafalme wa ukoo mmoja. Usikiapo orodha hiyo, unasikia damu, kama vile mtu wa pwani anavyosikia jina la tatu la mtu na kujua anatoka mji gani.

Ushahidi ulio wazi kuliko wote ni wa Wulfstan, askofu wa Worcester aliyefariki mwaka 1095. Baba yake aliitwa Æthelstan na mama yake Wulfgifu, na mwandishi wa maisha yake, William wa Malmesbury, anaeleza bayana kwamba jina la mtoto lilitungwa kwa kuchukua mwanzo wa jina la mama na mwisho wa jina la baba. Ukimsomea Wulfstan kwa mtindo wa keki, unapata "jiwe la mbwa mwitu", nami sijaona bado mzazi aliyetaka keki ya namna hiyo. Mifano ya kustaajabisha zaidi ipo: Wigfrith ni "vita" kuunganishwa na "amani", na Frithuwulf ni "amani" kuunganishwa na "mbwa mwitu". Hakuna aliyekuwa akitoa unabii hapo. Wenzetu wa mjini wanaofungua duka na kuliita kwa silabi za jina la mume na la mke wanauelewa utaratibu huu kuliko wanavyojijua: Juma na Asha wakiliita duka lao Jumasha, hakuna mteja atakayeingia kuuliza "masha" ni nini.

Twende basi kwa Dunstan mwenyewe, mtakatifu na askofu mkuu wa Kiingereza, yule ambaye jina hili lisingejulikana leo bila yeye. Alizaliwa mwanzoni mwa karne ya 10, karibu na Glastonbury katika Somerset. Mama yake aliitwa Cynethryth, na baba yake aliitwa Heorstan. Soma tena jina la baba. Lile "jiwe" ambalo watu wanalipambia keki na kulihubiria kwenye sherehe ni kipande kilichotoka kwa baba kwenda kwa mwana, na kama unataka kujua *-stan* ilimwambia nini mtu wa Glastonbury aliyesikia jina la mtoto huyo, ilimwambia kwanza kwamba huyu ni wa nyumba ya Heorstan. Ndiyo maana ninawashauri wazazi, mara nyingi bila mafanikio, kwamba wakitaka kuuenzi utamaduni uliozaa jina hili, wachukue kipande cha jina la baba na cha jina la mama wakamtungie mtoto jina jipya. Hiyo ingekuwa Kidunstan zaidi kuliko Dunstan.

Nisije nikaeleweka kwamba watu hao hawakusikia maana za vipande. Walizisikia sana, na walizichezea. Æthelred, jina lenye "utukufu" na "shauri" ndani yake, alikuwa mfalme aliyeshindwa kuwazuia Wadeni, na waliokuja baadaye wakamtania kwa kumwita *Unræd*, yaani "asiye na shauri jema". Wulfstan mwingine, askofu mkuu wa York aliyefariki mwaka 1023, alitia sahihi baadhi ya maandiko yake kwa jina la *Lupus*, mbwa mwitu kwa Kilatini. Lakini kuchezea maana ya jina ukubwani ni jambo moja, na kuchagua jina kwa ajili ya maana hiyo siku ya kuzaliwa ni jambo jingine.

"Hiyo *-stan* ni ile ya Pakistan na Afghanistan"

Hapana. Ile ni ya Kiajemi na maana yake ni mahali au nchi. Kufanana kwa sauti tu hakutoshi. Wala Stanslaus, ambao ni wengi kwetu, hawahusiki, kwa sababu jina lao ni la Kislavi. Stanley ndiye ndugu wa kweli, kwani ni uwanda wa mawe msituni.

"Ni Duncan yule yule, au Dustin"

Duncan ni la Kigaeli, kutoka Donnchadh, na lilibebwa na wafalme wa Uskoti. Dustin, kwa maelezo yanayokubalika zaidi, linatokana na Thorsteinn la watu wa Skandinavia, yaani jiwe la mungu Thor. Hapo jiwe ni moja, lakini sehemu ya mbele ni nyingine kabisa.

"Ni jina la Biblia", na pacha wake, "ni la Waanglikana tu"

Katika Biblia halimo, hata ukiitafuta kwa tochi. Na Dunstan alifariki mwaka 988, zaidi ya karne tano kabla ya mfalme Henry VIII kulitenga kanisa la Uingereza na Roma, kwa hiyo Wakatoliki wana haki naye sawa na Waanglikana. Alikuwa abati wa Glastonbury, akafukuziwa uhamishoni Ghent (Ubelgiji ya leo) na mfalme Eadwig, akarudishwa na Edgar, akawa askofu mkuu wa Canterbury, na mwaka 973 akamvika Edgar taji mjini Bath. Pamoja na wenzake alifufua utawa wa Kibenedikto uliokuwa umelala nchini mwake.

Hata hivyo dhana kwamba ni la Waanglikana ina chanzo. Baada ya uvamizi wa Wanormani majina kama William, Robert na Richard yaliyafagia majina ya kale, na Dunstan likabaki zaidi kwenye majina ya makanisa kuliko ya watoto. Karne ya 19 kundi la Waanglikana waliopenda mapokeo ya kale walianza kuwarudisha watakatifu hao wa Kiingereza, na wamisionari wa UMCA, misheni ya Kianglikana kutoka Uingereza, waliofanya Zanzibar kuwa makao yao mwaka 1864, walitoka katika mkondo huo huo. Majina kama hayo yaliingia kwetu kwa mlango wa shule na ubatizo. Dunstan Alfred Omari, aliyesoma shule ya Minaki na kuwa balozi wa kwanza wa Tanganyika London, alibeba majina mawili ya Kiingereza cha kale kabisa yaliyofungwa kwa jina la Kiarabu. Mimi naona hiyo ni historia ya pwani nzima katika maneno matatu.

"Ni mtakatifu wa vipofu"

Hili linatokana na St Dunstan's, taasisi iliyoanzishwa London mwaka 1915 kuwasaidia askari waliopofuka vitani. Taasisi ilipewa jina la nyumba iliyokuwa ikikaa. Nyumba iliitwa hivyo kwa sababu ya saa kubwa iliyokuwemo. Na saa ilinunuliwa kutoka kanisa la Mtakatifu Dunstan lililo Fleet Street. Yeye mwenyewe ni msimamizi wa masonara, kwa kuwa alikuwa fundi wa vyuma, na kwa muda mrefu masonara wa London walibadilisha katika sikukuu yake alama ya mwaka waliyogonga kwenye vyombo vyao.

"Jina hili hufukuza mashetani"

Hekaya ya Dunstan kumshika shetani pua kwa koleo la moto haimo katika kitabu cha kwanza cha maisha yake, kilichoandikwa miaka michache baada ya kifo chake na padri tunayemjua kwa herufi moja tu, B. Ilikuja na mwandishi wa karibu karne nzima baadaye. Ni hekaya nzuri. Si dawa.

"Danstan, Dastan, yote sawa"

Matamshi ya Kiingereza huanza na "Dan", na ndiyo sababu vyeti vyetu vimejaa Danstan, jambo ambalo silioni kuwa dhambi, ila chagua tahajia moja na uishikilie kuanzia cheti cha kuzaliwa hadi cha shule. Dastan ni jina jingine, neno la Kiajemi lenye maana ya hadithi. Yule baba wa keki aliamua kuandika Dunstan, akauliza sikukuu ya somo wa mtoto ni lini. Ni tarehe 19 Mei.