Je, wajua kwa nini manowari iliyopiga bandari ya Unguja ilipotea siku 40?

Alfajiri ya Jumapili, tarehe 20 Septemba 1914, watu wa Mji Mkongwe waliamshwa na mizinga. Manowari ya Kijerumani, SMS Königsberg, ilikuwa imejipenyeza kwa mkondo wa kusini na kuikuta HMS Pegasus ya Waingereza imetia nanga, imesimama kwa matengenezo. Pegasus ilijibu, lakini mizinga yake ilikuwa ya kizamani na risasi zake zilianguka majini kabla ya kumfikia adui. Kabla siku haijaisha ilikuwa imezama. Mabaharia waliokufa walizikwa Chapwani, kile kisiwa kidogo unachokiona mbele ya bandari, na makaburi yao yapo mpaka leo.

Königsberg ikaondoka na kutoweka. Waingereza walileta manowari nyingine kuisaka mwambao mzima, kwenye kila ghuba na kila bandari waliyoifahamu. Hawakuipata hadi tarehe 30 Oktoba. Meli ya chuma yenye urefu wa mita 115, inayokula makaa ya mawe kama moto wa kichaka, inapoteaje kwenye pwani ambayo Waingereza wameipita kwa karibu miaka mia?

Ilikuwa Rufiji, ndani ya mikoko. Kwenye ramani za bahari za Waingereza, mito ya delta ile ilionekana kuwa haina kina cha kupitisha manowari, kwa hiyo aliyekuwa akitafuta hakuwa na sababu ya kuangalia huko. Wajerumani walikuwa na meli yao ya upimaji, Möwe, ambayo kabla ya vita ilipita delta ikipima kina mto kwa mto. Wao walijua kwamba maji yakijaa, manowari inayohitaji zaidi ya mita 5 za maji inaingia na kupanda juu mpaka karibu na Salale, ndani ya delta.

Hapa ndipo watu wengi wanapokosea kuhusu ramani. Tunaichukulia kama picha ya mahali, kwamba mahali papo na ramani inapaonyesha tu. Ramani ya bahari ni orodha ya vipimo. Kila tarakimu ndogo iliyoandikwa juu yake ina mtu aliyetosa bildi (kamba yenye risasi ya kupimia kina) pale, akahesabu kina kwa pima, akaandika saa, kisha akasawazisha na kupwa na kujaa. Pasipopimwa, mchoraji huacha tupu au hunakili cha zamani, na msomaji hawezi kutofautisha kwa macho palipopimwa jana na palipokisiwa na babu yake.

Kazi yenyewe ni ya kuua. Kapteni William Owen wa Uingereza alipima mwambao wa Afrika kati ya 1822 na 1826 kwa meli za Leven na Barracouta, na homa ikamfagilia mabaharia wengi. Wala hakuishia kupima: mwaka 1824 alitangaza himaya ya Uingereza Mombasa, bila serikali yake kumtuma. Mpima ramani na mteka nchi wamekuwa wakisafiri meli moja kwa muda mrefu.

Kinachonichekesha kwenye mkasa wa Rufiji ni kwamba Unguja yenyewe ilikuwa na watu wanaoijua ile mito. Tazama juu ukiwa ndani ya nyumba yoyote ya zamani ya Mji Mkongwe: dari limebebwa na boriti za mikoko, na vyumba ni vyembamba kwa sababu boriti ina urefu wake na haivutiki. Boriti nyingi za namna hiyo zilitoka Rufiji kwa majahazi. Manahodha wake walijua mlango upi unaingilika kwa bamvua na upi una fungu linalohama kila masika. Ni kweli jahazi linaelea kwenye maji ambayo manowari ingekwama, kwa hiyo ujuzi wao usingetosha kujibu swali lote. Lakini ulikuwa umekaa vichwani mwa watu, na jeshi lile liliamini kilichochapwa.

Siri ilivuja kwa karatasi. Mwezi Oktoba manowari ya Kiingereza, Chatham, ilikuta Lindi meli ya Kijerumani iitwayo Präsident, na ndani yake zikapatikana hati zilizoonyesha makaa ya mawe yamepelekwa Salale kwa matishari. Kuipata Königsberg kukawa jambo moja, kuifikia jambo jingine. Waingereza walilinda milango ya delta na wakazamisha meli kuukuu kuziba mmojawapo. Januari 1915 waliteka Mafia wapate mahali pa kurushia ndege. Wakamtumia mwindaji wa Afrika Kusini, P. J. Pretorius, akajipenyeza kwenye delta akisaidiwa na wenyeji, kupima kina cha mito. Kwa maneno mengine, iliwabidi waifanye upya kazi ya Möwe, safari hii wakiwindwa.

Baada ya vipimo hivyo ndipo zikaja Severn na Mersey, manowari mbili za tumbo bapa zilizokuwa zimejengwa kwa ajili ya mito ya Brazili, zikaburutwa kutoka Malta. Shambulio la kwanza, tarehe 6 Julai 1915, lilishindwa. La pili, tarehe 11 Julai, likammaliza adui, huku ndege ikizunguka juu na kuwaelekeza wapiga mizinga risasi zinaangukia wapi, kwa kuwa waliokuwa chini hawakuona ila mikoko. Mzinga mmoja wa Königsberg na mmoja wa Pegasus sasa vimewekwa Fort Jesus, Mombasa.

Hiyo ni vita. Serikali hutumia ramani kwa njia ya kimya zaidi, na Zanzibar iliionja mapema, wakati wa Sultani wake, Sayyid Barghash.

Kila mtu hapa anajua ule msemo kwamba zumari likipigwa Unguja watu hucheza mpaka maziwa makuu. Ulikuwa na ukweli wake. Misafara ya Sultani na ya wafanyabiashara wake ilifika Tabora na Ujiji, barua zake ziliheshimiwa njiani, na pembe zilishuka pwani kulipiwa ushuru forodhani kwake. Lakini utawala huo ulifuata njia, watu na madeni. Haukuwa na mpaka uliochorwa. Mwaka 1884 Mjerumani Carl Peters akapita Usagara na jirani zake akikusanya mikataba na wakuu wa huko, na Februari 1885 Kaiser, mfalme wa Ujerumani, akaipa kampuni yake hati ya ulinzi. Barghash alipinga. Agosti mwaka huo manowari za Kijerumani zikatia nanga mbele ya kasri yake, naye akakubali.

Ikaundwa tume ya Waingereza, Wajerumani na Wafaransa kuamua nchi ya Sultani inaishia wapi. Mjumbe wa Uingereza alikuwa Herbert Kitchener, ambaye miaka ya nyuma alikuwa amepima ramani za Palestina na Kupro. Tume ikatafuta jibu la kupimika: Sultani anatawala pale palipo na askari wake, liwali wake na bendera yake. Njia ya msafara haina bendera kila hatua.

Mwishoni mwa 1886 Uingereza na Ujerumani zikakubaliana. Sultani akaachiwa Unguja, Pemba, Mafia, Lamu, miji kadhaa ya Benadir (pwani ya Somalia), na ukanda wa bara kutoka ghuba ya Tunghi (Msumbiji ya leo) hadi Kipini (Kenya ya leo), wenye upana wa maili 10 za baharini, yaani kilomita 18 na nusu, ukipimwa kuanzia pale maji yanapojaa. Hawakusahau hata kupwa na kujaa. Ukiwa umesimama Paje saa maji yamekupwa, na bahari imerudi kule mbali kabisa, unaelewa kwa nini mwenye hesabu asingeiacha sentensi ile bila kikomo.

Mkataba huohuo ulichora mstari kutoka mdomo wa mto Umba hadi Ziwa Jipe, ukaizunguka Kilimanjaro, ukaendelea mpaka Ziwa Victoria. Hadithi kwamba Malkia Victoria alimpa mjukuu wake Kaiser Wilhelm mlima kama zawadi ni tamu, ila mjukuu huyo hakuwa Kaiser mpaka 1888.

Mafia, ile ile ambayo Waingereza wangeiteka 1915, ilikuwa ya Sultani kwenye karatasi ya 1886. Mkataba wa 1890 ukaifungulia njia ya kwenda kwa Wajerumani pamoja na pwani ya Tanganyika, kwa malipo ya mark milioni 4 kwa Sultani, na Unguja na Pemba zikawa chini ya himaya ya Uingereza. Ukanda uliobaki upande wa Kenya Waingereza waliukodi 1895, na mwaka 1963 ukaungana rasmi na Kenya.

Siku hizi visiwa vimepimwa na vijana wetu wenyewe. Kuanzia 2016, Kamisheni ya Ardhi na Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar (SUZA), kwa msaada wa Benki ya Dunia, walirusha droni juu ya Unguja na Pemba na kupiga picha ambazo unaweza kuhesabu mapaa ya Ng'ambo moja moja. Zinasaidia kupanga mitaro ya maji ya mvua na kuona nani amejenga wapi, jambo ambalo si kila mjenzi amelifurahia. Picha nyingi za mradi huo zimewekwa wazi kwenye intaneti, ila ukitaka kurusha droni yako mwenyewe, hata ya kupiga picha za harusi Nungwi, utahitaji vibali, na kimojawapo kinatoka Wizara ya Ulinzi.