Hawthorn haikuanza kuyumba mwaka 2018

Usiku wa uchaguzi wa Novemba 2018 katika jimbo la Victoria, Australia, John Pesutto wa chama cha kihafidhina cha Liberal alikuwa ameketi studio, akichambua matokeo mbele ya kamera, huku kiti chake mwenyewe cha Hawthorn kikimponyoka. Aliyemshinda ni John Kennedy wa chama cha Labor, mwalimu mkuu mstaafu. Tangu hapo husemwa kwamba eneo bunge hilo, lililoko kwenye vitongoji vya mashariki mwa Melbourne, halikuwahi kabla ya hapo kuchagua Labor katika bunge la jimbo la Victoria.

Usemi huo si sahihi. Mwaka 1952, Charles Murphy wa Labor alishinda Hawthorn, katika uchaguzi ambao wahafidhina waliuingia wakiwa wamegawanyika: aliyekuwa waziri mkuu wa jimbo, Thomas Hollway, alikuwa ametengana na Liberal, akaenda kumwangusha kiongozi wa chama hicho katika eneo jirani la Glen Iris. Murphy hakudumu. Labor ilipopasuka mwaka 1955 kwa ugomvi kuhusu ukomunisti, alijiunga na kundi lililojitenga, na uchaguzi wa mwaka huohuo ukamwondoa bungeni.

Miongo sita ya Liberal iliyofuata, ikiwemo ile ya Ted Baillieu aliyefika hadi uwaziri mkuu wa Victoria, ndiyo iliyomfuta Murphy katika kumbukumbu, jambo linaloeleweka. Pesutto alikirudisha kiti mwaka 2022.