Kabla hujahamia iPhone, jua gemu yako imehifadhiwa wapi

Malalamiko ninayoyasikia kuliko yote mezani kwangu, mimi fundi wa simu, ni haya: mtu ametoka kwenye Tecno au Samsung, amenunua iPhone, picha zimevuka, namba zimevuka, hata WhatsApp imevuka, lakini akifungua gemu anakuta anaanza sifuri. Timu aliyoijenga miaka miwili haipo. Anadhani fundi kuna kitu kakiruka. Hakuna kilichorukwa. Gemu ni kitu kimoja, maendeleo yako ndani ya gemu ni kitu kingine, na mara nyingi vinakaa sehemu tofauti kabisa.

Move to iOS, ile programu ya Apple iliyotoka mwaka 2015 kwa ajili ya wanaohama kutoka Android, inabeba picha, ujumbe, majina, kalenda na vitu vya namna hiyo. Kwa upande wa gemu, inaangalia zile za bure ulizokuwa nazo, na zikiwepo App Store inakupakulia upya. Inapakua gemu tupu. Xender na wenzake ni hivyohivyo: ukimrushia mwenzako gemu, anaipata gemu lakini levo zako hazimfuati. Kwenye Android kila programu ina sehemu yake ya ndani ambayo programu nyingine haiwezi kuisoma, labda simu iwe imerutiwa, yaani imefunguliwa kufuli za mfumo wake, na humo ndimo gemu nyingi huweka kumbukumbu zake.

Kwa hiyo kabla sijagusa kitu namuuliza mteja swali moja tu: ukiifungua gemu hii, unaingia kwa njia gani? Akinijibu, nimeshajua kama hiyo kazi ni ya dakika chache, ya nusu saa, au haipo kabisa.

Gemu za mtandaoni ndizo rahisi. Free Fire, PUBG Mobile, Call of Duty: Mobile, Clash of Clans, eFootball, Roblox: zote hizi zinaweka maendeleo yako kwenye seva za kampuni iliyozitengeneza. Simu ni dirisha tu la kuchungulia kilichoko huko. Ukiwa na akaunti, unafungua dirisha lingine popote na unakuta kila kitu kama ulivyokiacha. Supercell wa Finland, wenye Clash of Clans na Brawl Stars, wana Supercell ID: unaandika baruapepe, unatumiwa namba ya uthibitisho, unaiingiza kwenye simu mpya, basi. Zamani kidogo, kuhamisha kijiji cha Clash kutoka Android kwenda iPhone kulitaka uwe na simu zote mbili mkononi, moja itoe namba, nyingine iipokee. Aliyekuwa ameshaibiwa simu ndiyo basi tena.

Shida inaanzia kwa aliyecheza kama mgeni. Unajua kile kitufe kinachokuruhusu kuanza kucheza bila kujisajili? Watu wanakibonyeza kwa sababu bando ni dogo na hamu ni kubwa, kisha wanacheza mwaka mzima hivyo. Akaunti ya mgeni imefungwa kwenye simu ile ile. Ukiifuta gemu, au ukiireseti simu, au ikiibiwa, ufunguo umekwenda nayo hata kama kumbukumbu bado ziko kwenye seva. Kama unasoma hapa na unacheza kama mgeni, fungua mipangilio ya gemu sasa hivi, tafuta sehemu ya akaunti, uiunganishe na kitu. Fanya hivyo kabla hujamaliza kusoma.

Uiunganishe na nini? Hapa watu wengi hujikwaa. Kuna kuingia kwa Google na kuna kuingia kwa Google Play Games, na hivi si kitu kimoja. Akaunti ya kawaida ya Google inafanya kazi hata kwenye iPhone, ilimradi watengenezaji wa gemu wameweka kitufe chake. Play Games ni huduma ya Android, na kwa kompyuta za Windows ipo pia, lakini kwenye iPhone hutaikuta. Vivyo hivyo Game Center ya Apple haitoki nje ya vifaa vya Apple. Mtu aliyeunganisha gemu yake na Play Games peke yake akienda iPhone anakuta kitufe alichozoea hakipo. Dawa yake ni kurudi kwenye simu ya zamani, kuongeza njia ya pili inayopatikana pande zote mbili, yaani Facebook, baruapepe au akaunti ya kampuni yenyewe ya gemu, halafu ndipo avuke. Bila simu ya zamani hilo halifanyiki, na ndiyo maana nawasihi watu wasiuze simu siku hiyohiyo waliyonunua mpya.

Kuingia kwa Apple nako kuna jambo lake. Apple inakupa nafasi ya kuficha baruapepe yako, na ukikubali, kampuni ya gemu inapewa anwani ya kubuni inayoishia na privaterelay.appleid.com. Ni kinga nzuri. Ila siku ukiwaandikia huduma kwa wateja ukiwapa Gmail yako, hawakuoni popote. Kama ulificha, nakili ile anwani ya kubuni kutoka kwenye mipangilio ya Apple ID, yaani akaunti yako ya Apple (siku hizi inaitwa Apple Account), na uiweke mahali.

Sasa niseme jambo linaloniuma zaidi, na hili ni la kwetu kabisa. Gmail nyingi zilizomo kwenye simu za watu hazikufunguliwa na wenye simu. Mtu ananunua simu dukani, muuzaji anamuuliza "nikufungulie Play Store?", anaingiza jina lolote na nywila anayoijua yeye, simu inafanya kazi, mteja anaondoka na furaha. Kwa wanaonunua iPhone zilizotumika ni mbaya zaidi: wengine wanawekewa Apple ID ya dukani, wapakue vitu haraka. Kila gemu inayohifadhiwa kwenye iCloud au Game Center kuanzia siku hiyo inahifadhiwa kwenye akaunti ya duka. Mteja anacheza, maendeleo ni ya mtu mwingine. Siku anabadilisha simu tunatafuta nywila isiyojulikana, au namba ya uthibitisho inakwenda kwenye laini ambayo haipo tena. Hakuna ujuzi wa fundi unaovuka hapo. Fungua akaunti yako mwenyewe, kwa jina lako, nywila uitunge wewe, na laini ya kupokea namba za uthibitisho iwe unayoitumia kila siku. Na namba hizo zikija, usimpe fundi. Mimi humgeuzia mteja simu aandike mwenyewe, na fundi anayekasirika ukimwomba hivyo, mwache.

Baada ya akaunti kuna suala la fedha, nalo lina sheria zake. Watu wanadhani wakivuka na akaunti wamevuka na kila kitu. Wachezaji, silaha na mavazi uliyokwisha kununua kwa kawaida vinakufuata. Salio ambalo hujalitumia ndilo lenye mashaka. Kwenye Call of Duty: Mobile, CP, yaani fedha za ndani ya gemu, ulizonunua Android zinabaki Android, ukiingia iPhone kwa akaunti ileile utaona salio jingine. eFootball ni hivyohivyo kwa sarafu zake ukivuka kutoka mfumo mmoja kwenda mwingine, ingawa GP, zile pointi unazopata kwa kucheza, zinakwenda nawe. Genshin Impact inakuruhusu kucheza akaunti moja kwenye simu, kompyuta na PlayStation, lakini fuwele zilizonunuliwa PlayStation zinatumika PlayStation. Sababu kubwa ni mahesabu: Google na Apple kila mmoja ana malipo yake, makato yake na utaratibu wake wa kurudisha fedha, na kampuni nyingi zimeona ni salama zaidi kutenganisha mifuko. Ushauri wangu ni mfupi: tumia salio lako kwenye simu ya zamani kwanza, nunua kile ulichokuwa unakitaka, halafu hama. Na gemu ya kulipia, kama Minecraft, utainunua tena, kwa kuwa risiti ya Play Store haitambuliki App Store.

Kwa eFootball, kwa kuwa ndiyo inayoletwa sana, utaratibu unakwenda hivi. Kwenye simu ya zamani unaunganisha data yako na KONAMI ID, akaunti ya kampuni yenye gemu hiyo, ambayo inataka baruapepe inayofunguka. Ukiisha kuunganisha, unapakua gemu kwenye simu mpya, na kabla hujaanza mechi yoyote unaingia kwenye menyu ya skrini ya mwanzo, unachagua kuhamisha data, unaingiza KONAMI ID yako. Timu inakuja. Tangu hapo ile simu ya zamani haiwezi tena kuifungua data hiyo. Usishtuke ukiona hivyo.

Nimesema kabla hujaanza mechi kwa sababu. Gemu nyingi ukizifungua kwenye simu mpya zinakuanzishia akaunti mpya kimyakimya. Ukicheza kidogo kisha ukaunganisha na Facebook yako ya zamani, gemu inakuuliza: unataka maendeleo yapi, haya ya levo ya 2 au yale ya levo ya 60? Vijana wenye haraka wanabonyeza chochote. Kwenye baadhi ya gemu, ukichagua vibaya hapo, mapya yanafunika ya zamani. Soma, tazama jina na levo, ndipo ubonyeze. Kwa Genshin kuna na seva: Amerika, Ulaya, Asia na nyingine, na kila seva ina maendeleo yake ndani ya akaunti ileile. Mtu alikuwa Ulaya, simu mpya inamfungulia Asia, anakuta patupu. Abadilishe seva tu.

Halafu kuna kundi ninalolipenda mwenyewe, gemu ambazo maendeleo yake ni faili. Kazi hapa ni ya mikono, ila ukiijua humtegemei mtu.

Chukua Minecraft. Toleo la simu linaitwa Bedrock, na ni lilelile kwenye Android, iPhone na Windows. Kuingia na akaunti ya Microsoft kunaleta vitu ulivyonunua, lakini dunia ulizojenga zinabaki kwenye simu. Watoto wanalia kwa hili. Fungua gemu, nenda kwenye orodha ya dunia zako, bonyeza kalamu ya kuhariri, shuka hadi chini kabisa utakuta "Export World". Gemu inatengeneza faili moja lenye mwisho wa .mcworld. Jitumie kwa WhatsApp kama dokumenti. Kwenye iPhone liguse, chagua kulifungua na Minecraft, subiri, dunia inatokea kwenye orodha. Likifika limegeuzwa kuwa .zip, libadilishe jina tu urudishe .mcworld, kwani ndani ni zip ileile. Lakini toleo la kompyuta linaloitwa Java ni kitu kingine: dunia yake haifunguki kwenye simu mpaka igeuzwe kwa programu maalumu. Na kwenye Android angalia mipangilio ya hifadhi ndani ya gemu. Kama faili zinawekwa kwenye sehemu ya programu, ukiifuta gemu dunia zinafutika nayo.

PPSSPP ndiyo nyingine, ile emuleta, yaani programu inayoifanya simu icheze gemu za PSP ya Sony, na Afrika Mashariki hii nani hajacheza mpira kwa PPSSPP? Tangu Apple iliporuhusu emuleta mwaka 2024, PPSSPP ipo App Store, na unaweza kuendelea na ligi yako palepale kwa nakala ya gemu unayoimiliki. Tafuta folda ya PSP, ndani yake SAVEDATA. Humo kila gemu ina folda ambayo jina lake huanza kwa herufi nne na namba tano, mathalani ULES kwa matoleo ya Ulaya au ULUS kwa ya Marekani. Nakili folda hiyo, ipeleke iPhone kupitia programu ya Files, iweke kwenye SAVEDATA ya upande wa pili. Herufi hizo ni muhimu: sevu ya ULES haionekani ukifungua gemu ya ULUS, hata kama picha na majina ni yaleyale. Kuna pia zile hifadhi za papo kwa papo, unazozifanya katikati ya mechi kwa menyu ya PPSSPP yenyewe. Hizo usizitegemee katika safari; toleo la PPSSPP likitofautiana zinaweza zisifunguke. Hifadhi kwa menyu ya gemu yenyewe, kisha hamisha.

Wenye Huawei mpya wasiokuwa na huduma za Google, kuanzia Mate 30 ya mwaka 2019, wahesabu kwamba wanavuka kwenda mfumo mwingine ingawa simu inafanana na Android nyingine. Play Games haipo, kwa hiyo maelezo yote ya iPhone yanawahusu.

Na kwa aliyekwisha kupoteza, kabla hajakata tamaa: andika kwa huduma kwa wateja ukiwa na ushahidi. Namba yako ya mchezaji, ambayo iko kwenye picha yoyote ya skrini uliyowahi kupiga kwenye ukurasa wako wa mchezaji. Aina ya simu uliyokuwa nayo, nchi, mwezi uliofungua akaunti, levo ya mwisho unayoikumbuka. Kama uliwahi kununua kitu, tafuta kwenye baruapepe risiti ya Google. Namba ya oda huanza na GPA. Hiyo namba ina nguvu kuliko maelezo marefu, kwa kuwa kampuni inaweza kuitafuta na kuona ilinunua nini na kwenye akaunti ipi. Andika kwa Kiingereza kifupi, weka yote kwenye ujumbe mmoja, na usitume maombi matano kwa jambo moja.