Dola ya Inka: mamilioni ya watu walihesabiwa kwa mafundo ya kamba

Ukipima ustaarabu kwa maandishi ya kalamu, chuma, gurudumu na sarafu, dola ya Inka haina hata kimoja cha kuonyesha. Hata hivyo, kwa muda usiozidi miaka 100, tangu mfalme Pachacuti aliposhika utawala wa Cusco, mji wao mkuu, karibu mwaka 1438 hadi Wahispania walipoingia mwaka 1532, dola hiyo ilitanuka kando ya milima ya Andes kutoka kusini mwa Kolombia ya leo hadi katikati ya Chile. Wanahistoria wengi wanakadiria kuwa raia wake walifika milioni 10 au zaidi. Walihesabiwa, walitozwa kodi, walipelekwa vitani. Mambo hayo hayaendeshwi kwa kukumbuka tu kichwani.

Tuanze na kodi, kwa sababu asiyeielewa kodi ya Inka hawezi kuzielewa kumbukumbu zao. Hakuna aliyedaiwa fedha. Kila kaya ilidaiwa kazi, kwa zamu iliyoitwa mit'a: kulima mashamba ya serikali na ya ibada ya jua, kujenga barabara na madaraja, kufuma nguo, kubeba mizigo, kwenda jeshini. Anayeujua msaragambo hatapata shida kuona mfumo huu ulianzia wapi. Vijiji vya Andes vilikuwa na desturi ya zamani ya kusaidiana shambani kwa zamu, na Wainka waliichukua desturi hiyo wakaigeuza kuwa wajibu kwa dola. Serikali nayo ilibanwa: waliokuwa zamuni walilishwa na kunyweshwa chicha, pombe ya mahindi, kwa gharama ya mtawala.

Kilichozalishwa kilikwenda kwenye maghala ya mawe yaliyoitwa qollqa, yaliyojengwa safu kwa safu kwenye miteremko inayopigwa na upepo wa baridi. Katika mji mmoja tu, Huánuco Pampa, kwenye nyanda za juu za Peru, mabaki ya maghala yanakaribia 500. Humo kulikuwa na mahindi, nguo, silaha, na chuño. Chuño ni viazi vilivyokaushwa kwa ustadi wa kipekee: vinatandazwa nje usiku vigande kwa baridi, vinakanyagwa kwa miguu mpaka maji yatoke, kisha vinaanikwa juani. Ukirudia hivyo kwa siku kadhaa unapata viazi vyepesi na vikavu vinavyoweza kukaa miaka. Wakulima wa Peru na Bolivia wanavitengeneza hadi leo. Viazi mviringo vinavyolimwa Njombe, Nyandarua na Musanze asili yake ni huko huko Andes, na wakulima wa huko walikuwa wakivilima maelfu ya miaka kabla ya Wainka. Jambo hili linapaswa kusemwa wazi, kwa kuwa mara nyingi Wainka husifiwa kwa vitu walivyovirithi. Matuta ya milimani yalikuwepo kabla yao, ufumaji ulikuwepo, na hata kamba za kuwekea kumbukumbu zilitumiwa na dola ya Wari karne nyingi kabla. Kipaji chao hasa kilikuwa katika kuvipanga vyote hivi vifanye kazi pamoja.

Kamba hizo ndizo khipu. Kuna kamba kuu, na kutoka kwayo huning'inia kamba nyingine, wakati mwingine mamia, za pamba au za manyoya ya llama na alpaka (wanyama wa Andes wa jamii ya ngamia), kila moja na mafundo yake. Mwaka 1912 mtafiti wa Marekani, Leland Locke, alionyesha jinsi tarakimu zinavyosomwa, na njia yake inaeleweka kwa dakika chache. Chukua kamba moja. Karibu na chini ni mahali pa mamoja, juu yake makumi, juu zaidi mamia, halafu maelfu. Kwenye makumi na kuendelea hufungwa mafundo ya kawaida, fundo moja kwa kila kumi au mia. Kwenye mamoja hufungwa fundo refu, ambalo kamba huzungushwa ndani yake mara mbili hadi tisa kulingana na idadi. Moja ina fundo lake la pekee, lenye umbo la nane. Sifuri ni nafasi iliyoachwa wazi. Kwa hiyo kamba yenye mafundo matatu juu, pengo katikati, na fundo refu la mizunguko saba chini inasomwa 307. Kuna hata kamba za jumla, zinazojumlisha kamba jirani, ili mkaguzi ahakikishe hesabu.

Hesabu hii ya makumi ilikwenda hadi kwenye utawala. Kaya ziligawanywa katika makundi ya 10, 100, 1,000 na 10,000, kila kundi na kiongozi wake, na takwimu zilipanda kutoka ngazi hadi ngazi hadi Cusco. Waliofunga na kusoma kamba, khipukamayuq, walikuwa maofisa waliofunzwa. Huko Inkawasi, bonde la Cañete pwani ya Peru, wanaakiolojia walikuta khipu zaidi ya 20 ghalani, baadhi zikiwa pamoja na mazao yenyewe: pilipili, karanga, maharage.

Sisemi haya ili kuipamba dola ya Inka. Wainka walihamisha jamii nzima kwa nguvu na kuzipeleka mbali ili zisiasi. Katika ibada ya capacocha walitoa watoto kafara. Miili ya watoto watatu iliyokutwa mwaka 1999 kwenye kilele cha Llullaillaco, mita zaidi ya 6,700 juu ya usawa wa bahari, haiachi shaka. Wengi waliotawaliwa walikuwa na kinyongo, na hiyo ni sababu mojawapo iliyomwezesha Mhispania Francisco Pizarro, akiwa na watu wasiofika 200, kumkamata Atahualpa, mtawala wa Inka, mjini Cajamarca tarehe 16 Novemba 1532. Nyingine ni vita ya wenyewe kwa wenyewe kati ya Atahualpa na nduguye Huáscar, na magonjwa kutoka Ulaya.

Miongoni mwa waliojiunga na Wahispania walikuwa Wahuanca wa bonde la Jauja. Ushahidi ninaouona kuwa mzito kuliko wote juu ya khipu unatoka kwao. Mwaka 1561 viongozi wao walikwenda mahakama kuu ya Lima kudai haki zao, wakabeba kamba. Walizisoma mbele ya maofisa, na karani akaandika kwa Kihispania: llama, mahindi, viazi, viatu, kuni, kila walichowapa wageni tangu 1533, na walichoporwa kikiwa kimehesabiwa kando. Hesabu ya miaka mingi, na mahakama iliipokea.

Hata hivyo, mwaka 1583 mtaguso wa Kanisa uliofanyika Lima uliamuru khipu zinazohusiana na ibada za kale ziharibiwe. Zilizobaki duniani ni zaidi ya elfu moja, nyingi kwenye makumbusho, na mkusanyo mkubwa kuliko yote uko Berlin.

Tarakimu tunazisoma. Ugumu uko kwenye khipu ambazo mafundo yake hayafuati mpangilio wa makumi, kwani huenda zinabeba majina au habari. Mwaka 2018 Manuel Medrano na Gary Urton wa Harvard walichapisha ulinganisho wa khipu sita za bonde la Santa na orodha ya Kihispania ya walipa kodi 132 ya mwaka 1670, wakaonyesha kwamba hata upande ambao kamba imefungiwa ulibeba maana. Mwaka mmoja kabla, mwanaanthropolojia Sabine Hyland alitangaza khipu mbili zilizotunzwa na wanakijiji wa San Juan de Collata, Peru, ndani ya sanduku. Alihesabu humo alama 95 tofauti, zilizotokana na rangi, mwelekeo wa msokoto na aina ya manyoya: vicuña, alpaka, guanaco, llama, swala wa huko. Wazee walimwambia kwamba manyoya hayo hutofautishwa kwa kuyapapasa. Picha za khipu ambazo watafiti wamezitegemea kwa miongo haziwezi kuonyesha hilo, na kazi kubwa ya kutambua nyuzi za khipu zilizoko makumbusho, moja baada ya nyingine, bado haijafanyika.