Unga bandarini: tunayoambiana vijiweni na yanayotokea kweli

Wakuu, kila ikivuma habari kwamba kuna meli imeshikiliwa bandarini eti inahisiwa ina unga, yaani dawa za kulevya kama kokeini na heroini, saa mbili hazipiti kila mtu ameshakuwa mpelelezi. Hukumu inatoka kijiweni kabla hata mbwa hajamaliza kunusa: mwenye kontena ni papa wa unga, kapteni kala hela, forodha wamelala, skana mbovu. Mimi nashinda kwenye mambo ya kliaransi, kutoa mizigo ya watu bandarini, kwahiyo haya maneno nayasikia mpaka nayaota, na mengi hayana miguu. Ngoja niyapitie, nitaegemea sana kesi moja iliyokwenda mahakamani na maelezo yake yakatoka hadharani, ile ya meli MSC Gayane iliyokamatwa Philadelphia, Marekani, Juni 2019, alafu nachanganya na ya kwetu Mombasa na ya Antwerp (Ubelgiji) na Rotterdam (Uholanzi) ambako hii kitu ni ya kila wiki.

"Unga umekutwa kwenye kontena lake, basi ni wake"

Hii ndio inayoharibia watu maisha kwahiyo naanza nayo. Kwenye Gayane unga ulikutwa kwenye makontena saba, na ndani yake kulikuwa na mizigo halali kabisa, mvinyo, karanga za Chile, vyuma chakavu, mali za watu waliolipa nauli zao na kukaa ofisini kusubiri mzigo. Wenye hiyo mizigo hawakuhusika. Kilichofanyika ni kwamba makontena yalifunguliwa njiani, lakiri (ile kufuli yenye namba inayofunga mlango wa kontena) ikakatwa, mabegi yakasukumwa ndani, alafu mlango ukafungwa na lakiri ya kughushi ili ukiangalia kwa haraka uone kila kitu kiko sawa. Ndio mbinu inayotumika sana duniani saivi, sababu mhalifu hahitaji kampuni, hahitaji kulipa nauli wala kuandika jina lake popote, anapanda tu mgongoni kwa mzigo wa mtu mwingine mwenye historia safi, na huko unakofika anatuma watu wauchomoe kabla mwenyewe hajaja.

Sasa mpelelezi anayejua kazi swali lake la kwanza sio "kontena la nani", anauliza unga umekaa sehemu gani. Ukikutwa kwenye mabegi ya mazoezi hapo hapo mlangoni, juu juu, hiyo inaashiria umetupiwa njiani ili uchomolewe fasta. Ukikutwa umejengewa kwenye ukuta wa kontena au umechanganywa na bidhaa yenyewe, basi kuna mtu aliyepakia ana maswali ya kujibu, sababu huwezi kufanya kazi hiyo kwa dakika tano gizani. Na sisemi wenye mizigo wote ni malaika, kuna kampuni zinafunguliwa leo, zinaagiza kontena mbili za matunda kwa bei isiyoleta faida yoyote, zinafungwa mwezi ujao. Hizo zipo na forodha wanazitafuta kweli.

Kwa wale mnaoagiza, hapa kuna jambo la kufanya na halina gharama: kabla hujafungua kontena linganisha namba ya lakiri iliyoko mlangoni na ile iliyoandikwa kwenye BL, yaani hati ya usafirishaji wa mzigo, piga picha, kuwe na shahidi. Namba zikitofautiana usiguse, usikate, ita forodha hapo hapo. Watu wanakata lakiri kama wanafungua soda alafu baadae ndio wanaanza kutafuta utetezi.

"Lazima ulipakiwa bandarini, walinzi wanajua"

Sio lazima. Gayane ilitoka pwani ya Amerika ya Kusini ikapita Panama, na unga wake haukupita geti lolote. Boti za kasi ziliifuata meli usiku ikiwa baharini inatembea, mabaharia wakashusha kreni ya meli yenyewe, wakavuta mizigo kwenye nyavu, wakaificha kwenye makontena. Wamarekani walisema boti kama 14 kwa ujumla, baadhi kabla ya Panama na nyingine baada ya kuvuka. Waliokuwemo walikuwa watu wa vyeo mbalimbali melini, afisa wa pili yumo, fundi umeme yumo, na mmoja wao alieleza kwamba aliahidiwa dola 50,000. Wanane walishtakiwa na wakakiri. Kapteni hakuwa miongoni mwao, na hapo ndio nawaambia watu, meli yenye urefu wa zaidi ya mita 300 usiku ni mji, mtu anaweza kuwa anasimamia daraja la meli, kule inapoongozwa, huku nyuma kuna biashara nyingine inaendelea.

Na kwa upande wetu wa Afrika Mashariki hii dhana inapotosha zaidi, sababu heroini inayoshuka kutoka pwani ya Makran, kule Iran na Pakistan, sehemu kubwa haijawahi kuona bandari kubwa. Inakuja na majahazi, inashushwa baharini kwenye boti ndogo, na boti ndogo zinaingia popote penye mchanga na giza. Aprili 2014 manowari ya Australia, HMAS Darwin, ilisimamisha jahazi mashariki ya Mombasa ikakuta kilo 1,032 za heroini zimechanganywa na mifuko ya simenti. Elfu moja na thelathini na mbili! Wakamwaga baharini, mabaharia wakaachiwa waende zao, na watu wakauliza kwanini hawakufungwa. Jibu ni kwamba zile manowari za ushirikiano wa nchi mbalimbali hazikuwa na mamlaka ya kumshtaki mtu, walichoweza ni kuharibu mzigo tu. Inauma lakini ndio sheria ya bahari, meli iliyoko maji ya kimataifa inafuata nchi ya bendera yake, na ule mkataba wa Umoja wa Mataifa wa dawa za kulevya wa 1988 unasema lazima uombe ruhusa kwa nchi hiyo kwanza ukitaka kuchukua hatua.

"Wangekuwa serious wangefungua makontena yote"

Piga hesabu mwenyewe. Antwerp inapitisha zaidi ya kontena milioni kumi kwa mwaka, ukihesabu kwa kontena za futi ishirini. Kushusha mzigo wote wa kontena moja, kuukagua na kuurudisha ni kazi ya masaa, ina vibarua, ina folklifti, na kama ni samaki au parachichi kila saa mlango ukiwa wazi ni hasara. Umoja wa Mataifa wenyewe wanasema makontena yanayofunguliwa na kukaguliwa duniani hayafiki asilimia 2. Hata mzembe akifukuzwa kazi na akaletwa malaika hiyo namba haipandi sana, bandari itasimama, na sukari itapanda bei mpaka Kigali na Lubumbashi.

Kwahiyo kinachofanyika ni kuchagua. Karatasi zinasomwa kabla meli haijafika: nani ametuma, nani anapokea, ameshawahi kuagiza hii bidhaa, bei inaeleweka, njia iliyopita inaeleweka au kontena limezungushwa bandari tatu bila sababu. Ukiona kontena lako limewekwa pembeni sio lazima umeshukiwa wewe, pengine ni njia tu lililopita.

Skana nayo ina mipaka. Inaonyesha uzito wa vitu, kipi kizito kipi chepesi, haiandiki "kokeini" kwa wino mwekundu. Anayesoma ile picha ni binadamu na anatafuta kitu kisichofanana na wenzake. Sasa mtu akificha kwenye mashine ya kontena la baridi, lile rifa, kule ndani kwenye mota na mabomba, picha inakuwa na vurugu tayari. Kuna wanaofunga mzigo chini ya meli, sehemu maji yanapoingilia, hapo skana ya getini utaililia, wanaohitajika ni wapiga mbizi. Au chukua kile chombo kinachoitwa Amin Darya kilicholetwa Mombasa Julai 2014, walipekua siku kadhaa na hakuna kitu, kumbe heroini ilikuwa kwenye tanki la dizeli, ikaja kupatikana kilo zaidi ya 370. Mbwa na dizeli wapi na wapi.

"Wameliachia kontena, tayari wameshakula"

Hapa nitaongea pande zote mbili sababu zote zipo.

Kuna kitu polisi wanafanya kinaitwa usafirishaji unaodhibitiwa, na uko kwenye huo huo mkataba wa 1988. Wanagundua unga, wanautoa au wanabadilisha sehemu na kitu kingine, wanarudisha lakiri, wanaliachia kontena liende kimya kimya huku wanalifuata waone litapokelewa na nani. Kwa mtu aliyesimama getini inaonekana kabisa kwamba mzigo umepita kwa mlungula. Na ndio maana msemaji wa bandari siku ya kwanza anaongea maneno matamu yasiyosema chochote, sio kila mara anaficha uozo, mara nyingine kuna gari linafuatwa barabarani muda huo huo.

Ila rushwa ipo, tena sio ya kwetu tu kama tunavyopenda kujitukana. Rotterdam kuna afisa forodha alifungwa, na kazi yake ilikuwa pale pale kwenye kitengo cha kuchagua kontena lipi likaguliwe. Yeye alichofanya ni kuyapitisha yale ya wateja wake kwamba hayana shida. Hakubeba begi hata moja. Antwerp nako, kati ya 2011 na 2013, wahalifu waliingilia kompyuta za kampuni za pale bandarini wakawa wanaona kontena liko wapi na namba ya siri ya kulichukulia ni ipi, dereva wao anakuja na namba sahihi anaondoka na kontena la watu mchana kweupe. Mwenye mali akifika anaambiwa mbona mmeshachukua. Anayewindwa saivi na hawa watu ni karani mwenye nywila kuliko baunsa mwenye bastola, na vijana wenzangu wa ofisini wanaotoa nywila zao kama wanaazimana kalamu hebu lisomeni hilo mara mbili.

Na wanaotumwa kuchomoa ni watoto wa watu. Rotterdam wanaingia vijana kwenye eneo la bandari, wengine wanajificha ndani ya kontena tupu siku kadhaa na chakula na magodoro wakisubiri mzigo ushuke. Septemba 2021 vijana tisa walijikuta wamefungiwa kontenani, hewa inaisha, wakapiga simu ya dharura wenyewe wakaokolewe. Zamani mtu akikutwa mle ndani bila kibali na hana unga mkononi alikuwa anapigwa faini ndogo anarudi nyumbani, Uholanzi ikabidi wabadili sheria kuanzia 2022, sasa kukutwa tu ni jela mpaka mwaka mmoja.

"Meli inataifishwa"

Inategemea. Gayane ilizuiwa rasmi tarehe 4 Julai 2019, na ikaja kugundulika umiliki wake unagusa mfuko wa uwekezaji wa JPMorgan, benki kubwa kabisa. Haikuzamishwa wala kuuzwa, iliachiwa kwa dhamana ya dola milioni 50, milioni 10 taslimu na 40 za bima ya dhamana, ikaendelea na safari zake. Amin Darya haikuwa na bendera ya nchi inayoeleweka na haikuwa na mwenyewe wa maana wa kusimama nayo, yenyewe Agosti 29, 2014 ilivutwa baharini ikalipuliwa na heroini yake ndani, Rais Uhuru Kenyatta akishuhudia. Mimi binafsi ule mlipuko sikuupenda, picha nzuri ya televisheni ila kesi ilikuwa bado inaendelea na kielelezo kikubwa kuliko vyote ndio kimeenda chini.

Kuhusu zile kilo na mabilioni

Namba ya siku ya kwanza usiishike sana. Gayane walianza kutangaza kama tani 15, wakaendelea kufungua wakaishia karibu tani 18. Mara nyingine inashuka, sababu kinachopimwa eneo la tukio ni kipimo cha haraka kinachoonyesha dalili tu, jibu la kusimama mahakamani linatoka maabara, kwa Tanzania ni Mkemia Mkuu wa Serikali. Na ile thamani, dola bilioni 1.3 kwa Gayane, ni bei ya kete mtaani huko Ulaya au Marekani baada ya kupita mikono yote, kule mashambani ilikotoka kilo ni sehemu ndogo sana ya hiyo hela. Ndio maana wanapoteza tani 18 na wiki ijayo wanatuma nyingine.

Alafu kuna wanaodhani mabaharia wakishafungwa faili linafungwa. Lile la Gayane halikufungwa: Oktoba 2022, miaka mitatu na zaidi baadae, bondia wa zamani kutoka Montenegro alikamatwa uwanja wa ndege wa Miami akiwa anapanda ndege kuondoka, akashtakiwa Brooklyn, New York, kwamba alikuwa mmoja wa waliopanga mizigo ya kokeini zaidi ya tani 20, na ya Gayane ikiwemo.